Daftari la vipimo, na miaka 2 na miezi 5 ya kudai fidia ya dada

Naanza na alama, kwa sababu huenda anayesoma haya ana msiba wa juzi na hana nguvu ya kusoma mengi. Ofisi ya wakili iliyotusimamia kudai fidia ya dada yangu aliyegongwa na gari naipa nyota 4 kati ya 5. Tatu ni za karani wao mzee. Moja ni ya wakili mwenyewe, kwa jambo aliloniambia usoni siku ya pili na likaniuma. Ile iliyokosekana nitaeleza ilipotelea wapi. Jina la ofisi silitaji, maana nina malalamiko juu yao pia na mkate wa mtu sitaki kuumwagia mchanga. Nataka ujue tu cha kutazama ukiingia ofisi yoyote ya kazi hii.

Dada alikuwa na miaka 38, mume na watoto 3. Alikuwa mshonaji, cherehani yake ikikaa dirishani nyumbani. Asubuhi hiyo alikuwa anavuka barabara na mfuko wa zipu na vifungo mkononi, gari la mizigo la kampuni likamgonga. Aliishi siku 4 hospitalini. Siku ya pili alinitambua, akaniuliza kama nguo ya bibi harusi imechukuliwa. Haikuwa imechukuliwa. Nilimwambia imechukuliwa.

Siku ya 9 baada ya mazishi alikuja kijana mmoja nadhifu, akasema ametumwa na kampuni ya bima ya lile gari. Alitoa pole, akakaa, akasikiliza, kisha akatoa karatasi 2 na kalamu. Kulikuwa na kiasi cha pesa kimeandikwa, na kwa mtu aliyetoka kulipa hospitali na jeneza kilionekana si haba. Shemeji alishaishika kalamu. Mimi ni seremala, na mteja aliwahi kunikaba kwa karatasi niliyotia sahihi bila kuisoma, kwa hiyo niliomba niisome kwanza. Mstari wa mwisho ulisema kwamba anayetia sahihi amepokea malipo kamili na ya mwisho ya madai yote, ya sasa na ya baadaye, yake na ya wategemezi wote. Hiyo ndiyo hati ya kumalizana. Ukishaitia sahihi, kuifungua tena mahakamani ni kazi ngumu mno. Nilimwomba yule kijana atuachie tuisome kwa utulivu. Alisema haruhusiwi kuiacha. Hapo nikajua.

Kwa hiyo jambo la kwanza ninalowasifu ofisi ile ni hili: nilipowapigia simu jioni ileile, hawakuniambia "njoo tusaini mkataba". Karani aliniambia, "Msitie sahihi kitu chochote, na kabla hujaja kwetu nenda polisi ukaombe namba ya gari na jina la kampuni ya bima yake. Hayo mawili kwanza." Baadaye ndipo nilipoelewa kwa nini. Dereva mwenyewe mara nyingi hana kitu cha kukulipa. Anayelipa ni bima ambayo sheria inamlazimisha mwenye gari kuikata kwa ajili ya watu wengine, na kama gari ni la kampuni na dereva alikuwa kazini, mwajiri naye anawajibika kwa uzembe wa dereva wake. Mlango wa kubisha unaujua kwa hayo mawili. Na kama gari halina bima, bado usikate tamaa kabla hujauliza: Uingereza ina mfuko maalumu wa waathiriwa wa magari yasiyo na bima tangu 1946, na nchi nyingine nyingi zimeanzisha mfano wake.

Siku ya kwanza tulikwenda watu 3: mimi, shemeji na mama yetu. Nilikuwa nimebeba bahasha yenye hati ya kifo, cheti cha ndoa, vyeti vya kuzaliwa vya watoto na risiti za hospitali. Nilitarajia swali la kwanza liwe mshahara, na nilikuwa naliogopa, kwa sababu dada hakuwahi kuwa na hati ya mshahara maishani mwake. Karani mzee alimsalimia mama, akampa kiti chenye mto, akafungua karatasi tupu. Halafu akasema, "Mama, nisimulie siku ya mwanao. Aliamka saa ngapi?"

Mama alinyamaza, kisha akaanza. Aliamka saa 11 alfajiri. Alichemsha maji. Alimpa mdogo dawa ya pumu kwa kile kibomba chake. Alisuka nywele za binti. Alimsindikiza wa kati mpaka njia panda kwa sababu anaogopa mbwa. Alikaa kwenye cherehani mpaka saa 7. Karani aliandika kila kitu, na pale mama aliporuka kitu alimrudisha: "Nguo nani alifua? Daftari za shule nani alizikagua? Mdogo akibanwa na kifua usiku, nani alikesha?" Ilichukua saa nzima na nusu. Mama alilia, akanyamaza, akaendelea. Tulipotoka nilidhani yule mzee ametupotezea muda kwa huruma. Sikujua kwamba kurasa zile 4 ndizo zingekuja kubeba zaidi ya nusu ya hoja yetu.

Ila mama hakutaka kurudi. Tulipofika nyumbani alisema hawezi kula pesa ya damu, kwamba mtu hauzwi kwa kilo, na kwamba tukizipokea tutakuwa tumemsamehe aliyemuua mwanawe. Sikuwa na jibu. Nilimweleza wakili kwenye simu, na yeye akaomba kuzungumza na mama ana kwa ana.

Alimsimulia kisa, na nakiandika hapa kwa kuwa kilimgeuza mama, na huenda wako naye akakihitaji. Zamani kule Uingereza palikuwa na mtu aliyesafiri na mkewe kwa gari la farasi, likapinduka. Mke akafa baada ya mwezi hivi. Mume aliwashtaki wenye gari, na mwaka 1808 jaji akasema kwamba katika mahakama ya madai, kifo cha binadamu si madhara ambayo mtu anaweza kuyalalamikia. Mume akalipwa kwa michubuko yake, na kwa kukosa mwenzake mpaka siku ile alipokata roho. Baada ya hapo, hakuna. Kwa maneno mengine, ukimvunja mtu mguu unalipa, ukimuua umepona. Sheria ilikaa hivyo mpaka 1846, reli ziliposhamiri na ajali zake, Bunge lilipopitisha sheria kwamba familia ya aliyeuawa kwa uzembe inaweza kudai ilichopoteza. Sheria za nchi nyingi zilizotawaliwa na Waingereza zimechipuka kutoka shina hilo, na shauri letu nalo lilisimama juu yake.

"Mama," wakili akasema, "pesa hii si bei ya mwanao. Bei yake hakuna mahakama inayoijua. Hii ni hesabu ya mikono iliyokuwa inawalea wale watoto. Mikono imeondolewa, na aliyeiondoa lazima agharamie mingine." Akamweleza pia kwamba kesi ya dereva ni jambo jingine kabisa: ile ni ya jinai, na faini akitozwa inakwenda serikalini, haiji kwa watoto. Kupokea fidia si kumfutia mtu kosa. Mama aliuliza mara 2 kama ana hakika na hilo la mwisho. Kisha akasema sawa.

Sasa lile lililoniuma. Dada alikuwa ananisaidia. Alininunulia randa na msumeno wangu wa kwanza, na mpaka mwezi alipofariki alikuwa analipa nusu ya kodi ya karakana yangu. Nilidhani nami nimo kwenye orodha. Wakili alinitazama akasema, "Ndugu yangu, sheria yetu inawataja mume, mke, mzazi na mtoto. Kaka na dada hawamo. Wapo walioirekebisha, kama Waingereza wenyewe, lakini hapa kwetu hujamo. Nitakutumia kama shahidi, na utafanya kazi kubwa kuliko wote, lakini pesa yako haipo. Nakwambia leo ili usije kunidai kesho." Nilirudi nyumbani nimevimba. Lakini nimewaona watu waliokokotwa na mawakili miaka mitatu kwa ahadi tamu, wakaambiwa ukweli mlangoni mwa mahakama. Nyota ile ameistahili.

Tulifungua madai ya aina 2. La kwanza ni la mirathi ya marehemu mwenyewe: maumivu ya zile siku 4, gharama za hospitali na mazishi. Kwa hilo ilibidi shemeji ateuliwe kwanza kuwa msimamizi wa mirathi, jambo lililokula miezi 5 peke yake, kwa hiyo lianze mapema, usingoje. La pili ni la wategemezi, na hili ndilo kubwa. Muda wa kufungua una mwisho wake. Ile sheria ya 1846 ilitoa miezi 12 tu, siku hizi kwa Waingereza ni miaka 3, na kila nchi ina wake. Uliza siku ya kwanza, uandikiwe kwenye karatasi.

Kampuni ya bima ilijibu kwa barua ya ukurasa mmoja na nusu. Nilipewa nakala, jambo ambalo naambiwa si ofisi zote hufanya. Walisema mambo 3: kwamba marehemu alivuka nje ya kivuko, kwa hiyo ana sehemu yake ya lawama na fidia ikatwe asilimia 40, kwamba hakuwa na mapato yanayothibitika, kwa hiyo ihesabiwe kima cha chini cha mshahara, na kwamba watoto wanalelewa na bibi yao bila malipo, kwa hiyo upande wa malezi hakuna kilichopotea. Lile la tatu nililisoma nimesimama, nikalazimika kukaa.

Hapo ndipo karani mzee alipofanya kazi ambayo sijaona mtu akiifanya kwa mshahara wa karani. Kwa lile la kwanza aliniambia nilete futi yangu ya useremala. Tulikwenda pale barabarani saa 12 asubuhi, kabla magari hayajazidi. Mchoro wa polisi ulionyesha vipande vya kioo cha taa vilipoangukia, ukipima kutoka kwenye nguzo ya umeme. Tulipima kutoka nguzo hiyohiyo mpaka michirizi ya kivuko. Vile vioo vilikuwa mita 2 tu kupita kivuko, upande ambao gari lilikuwa linaelekea. Mtu akigongwa ndani ya kivuko, vioo vitasukumwa mbele. Haviwezi kurudi nyuma. Nilishika ncha ya futi mahali aliposimama dada. Karani aliniona, akavua kofia, akangoja mpaka nikawa tayari kuendelea.

Kwa la pili alisema tumletee kila karatasi iliyo kwenye meza ya cherehani, hata takataka. Tukampelekea daftari la vipimo. Ni daftari la kawaida lenye jalada gumu, limelegea uti. Kila mteja ana mstari wake: jina, bega, kifua, kiuno, nyonga, urefu, halafu bei, kianzio, na baki. Baki ikilipwa dada alipiga mstari mwekundu. Lilikuwa na kumbukumbu za miezi 26. Mimi na karani tulikaa jioni 3 tukijumlisha mistari myekundu mwezi kwa mwezi, tukitoa uzi, bitana, zipu, umeme na fundi wa cherehani. Tukalinganisha na ujumbe wa malipo kwenye simu yake, ukalingana isipokuwa pale alipolipwa taslimu. Wastani uliotoka ulikuwa karibu mara 2 ya kile kima cha chini. Dada yangu, ambaye kwenye fomu zote za shule za watoto aliandikwa "mama wa nyumbani", alikuwa anaingiza zaidi ya mumewe. Shemeji hakuwa anajua. Nadhani hata yeye dada hakuwahi kujumlisha.

Naomba nikae hapa kidogo, maana ndipo familia nyingi zinapopunjwa. Mtu asiye na hati ya mshahara hahesabiki kuwa hana mapato. Muuza mboga ana daftari la madeni. Bodaboda ana ujumbe wa simu. Fundi ana risiti za vifaa. Mkulima ana stakabadhi za ghala. Wateja wanaweza kuapa. Usitupe hata kikaratasi kwa miezi ile ya mwanzo, hata kama unataka kusafisha chumba kwa sababu kukitazama kunakuuma.

La tatu, la bibi kulea bure, lilijibiwa na wakili kwa kesi mbili za Uingereza ambazo alinichapia nikasome. Katika moja, ya 1975, wazazi wote wawili walikufa kwenye ajali na bibi akawachukua watoto bila kudai chochote. Mahakama ikasema wema wa bibi haumpunguzii mkosaji mzigo, malezi ya mama yaliyopotea yana thamani yake na yalipwe. Katika nyingine, ya 1976, jaji alisema kazi ya mama haipimwi kwa saa za mtumishi wa nyumbani peke yake, kwa kuwa mama hana saa ya kufunga kazi. Zile kurasa 4 za siku ya dada, alizosimulia mama yetu, zikatoka kwenye faili: saa 11 alfajiri, kibomba cha pumu, njia panda yenye mbwa. Wakili alizipanga kazi kwa kazi na muda wake, akaambatanisha na barua. Mama alipoelezwa kwamba kazi anayoifanya sasa imetajwa kwenye karatasi za mahakama kuwa ni kazi, aliuliza imeandikwaje hasa. Nikamsomea. Akaniambia nisome tena.

Hesabu yenyewe nitaieleza kwa maneno mepesi, kama nilivyoelezwa. Unachukua mapato ya mwaka. Unatoa sehemu ambayo marehemu angeitumia mwenyewe, kwa sababu hiyo familia haikuwa inaipata. Bima walitaka watoe theluthi. Wakili akasema theluthi ni ya wanandoa wasio na watoto. Wakiwapo watoto ni robo, na mahakama za Uingereza zinaenda hivyo tangu shauri moja la 1983. Basi kwa kila 100 alizoingiza dada, 75 zikahesabiwa za familia. Kisha unazidisha kwa miaka. Hapa niligutuka, kwa sababu dada angeshona mpaka 60 bila shaka, ikimaanisha miaka 22, lakini wakazidisha kwa 15. Wakili alifafanua kwamba pesa inalipwa leo kwa mkupuo na inaweza kuzaa, na kwamba mahakama inakumbuka magonjwa na mengine yanayoweza kumkatiza mtu kazi. Nilielewa. Kukubali ni jambo jingine. Ni vigumu kusikia mtu akipunguza miaka ya dada yako mara ya pili. Juu ya hayo inaongezwa thamani ya malezi, kwa idadi ya miaka mpaka mdogo ajitegemee, na yale madai ya mirathi, kwa uangalifu pesa ileile isihesabiwe mara mbili.

Sasa malalamiko yangu.

Baada ya majibu kwenda kwa bima, ofisi ilinyamaza miezi 7. Nilipiga simu, nikaambiwa "tutakujulisha". Nilikwenda, nikakuta wakili aliyekuwa na faili ameondoka na mwingine kijana amelipokea na hajalisoma. Karani mzee alikuwa likizo ya ugonjwa. Kwa miezi ile mama alianza tena kusema tumekula njama, na shemeji akaanza kumtafuta yule kijana nadhifu mwenye kalamu. Barua moja ya mistari 3 kila mwezi, hata ya kusema hakuna jipya, ingetosha. Watu wa msiba hawangoji kama wanaongoja fenicha.

La pili ni gharama. Mkataba ulisema wazi sehemu ambayo ofisi itachukua, na hilo sina neno nalo. Lakini ulisema pia "pamoja na matumizi", neno moja tu, na mwisho matumizi hayo yakaja kama orodha ndefu: nakala, nauli, ada ya daktari wa kuandika taarifa, na kitu kilichoitwa "ufuatiliaji". Nilidai risiti. Ya ufuatiliaji haikuwapo, wakaifuta. Nawashukuru kwa kuifuta bila ugomvi, ila haikupaswa kuwapo. Ukisaini, neno "matumizi" lifunguliwe mstari kwa mstari kabla hujaweka jina lako.

La tatu ni la pesa za watoto. Hatukuambiwa mapema kwamba mtoto aliye chini ya miaka 18 hawezi kukubali suluhu mwenyewe, kwamba lazima mahakama iipitishe, na kwamba fungu lake halikabidhiwi mzazi bali linawekwa chini ya uangalizi wa mahakama mpaka akue, na kutolewa kwa maombi, kama ada ya shule au matibabu. Ni utaratibu mzuri sana. Naamini ni bora kuliko wote, na nimeona familia ambazo pesa ya yatima iligeuka paa la nyumba ya mtu mzima. Lakini shemeji aliambiwa siku ya malipo, akiwa ameshapanga, akahisi ameitwa mwizi mbele ya watu. Ingesemwa siku ile ya kwanza, asingelia ndani ya lifti.

Nyota iliyopungua ni ya hayo matatu kwa pamoja.

Nikiwa nangoja ile miezi 7 nilisoma wenzetu wanafanyaje, nikaumia zaidi. Ufaransa ina sheria ya 1985 inayoibana kampuni ya bima kutoa pendekezo la malipo ndani ya miezi 8 tangu ajali, na mwenda kwa miguu hakatwi fidia kwa kosa dogo. New Zealand tangu 1974 wana mfuko wa taifa unaolipa familia bila kushindana kwanza nani alikosea. Sisi tuliambiwa tuthibitishe vioo viliangukia wapi. Sidai kwamba huko watu hawalii. Nasema tu mama yetu asingelazimika kungoja majira 2 ya mvua kusikia kama mwanawe alivuka vizuri.

Shauri halikufika kwenye hukumu. Karani aliporudi kutoka likizo, mambo yaliamka ndani ya wiki 3. Bima walikuja kwenye meza ya suluhu, wakaziona picha za vipimo vya futi tulivyochukua pale kivukoni, wakaliona daftari. Kile walichokuwa wameandika kwenye karatasi ya siku ya 9 hakikufika hata sehemu moja ya 6 ya walicholipa mwisho. Lawama ya marehemu ilishuka kutoka asilimia 40 hadi 10. Wakili alieleza kwamba 10 ni bei ya kutokwenda mbele ya jaji, kwamba zamani, kabla ya sheria ya Kiingereza ya 1945, kosa dogo tu la marehemu lingewanyima watoto kila kitu, na kwamba kushinda yote kungeweza kuchukua miaka 2 mingine. Shemeji alikubali, nami sikumpinga. Lakini zile 10 sijazikubali moyoni. Nilipima kwa mkono wangu. Dada alikuwa ndani ya kivuko.

Kwa atakayekwenda ofisi kama hii: nenda na mtu mmoja ambaye hana fungu kwenye pesa, ili asome karatasi kwa utulivu. Uliza nani hasa atashika faili lako, na akiondoka utajulishwaje. Na angalia swali lao la kwanza. Wakikuuliza mshahara tu, wakaandika sifuri na kufunga kalamu, wewe inuka.

Daftari lilirudishwa mwezi uliopita. Karani hakulituma kwa mjumbe, alilileta mwenyewe nyumbani, limefungwa kwa khaki na uzi. Lina muhuri wa kielelezo mahali 2: kwenye jalada, na kwenye ukurasa wa mwisho ulioandikwa. Alimwomba mama radhi, kwa sababu ule muhuri wa ndani umefunika vipimo vya mteja mmoja, yule bibi harusi, kuanzia kiuno mpaka urefu. Mama alivaa miwani, akaugeuza ukurasa kwenye mwanga wa dirisha, akasema vinasomeka.